Waacheni Wavuke

Kisangani ina hoja moja ambayo ukiitoa hadharani hutapata mpinzani. Padri ataitikia, mwalimu wa chuo kikuu ataitikia, mkuu wa mtaa ataitikia, hata kijana wa toleka aliyeingia mjini mwaka juzi, anayebeba abiria kwa baiskeli ya kukodi, ataitikia kwa sauti kuliko wote. Hoja yenyewe ni kwamba mji umeharibika kwa sababu watu wa vijijini wamejazana, na walipojazana zaidi ni Lubunga, ng'ambo ya kushoto ya mto. Kwa hiyo, kabla hatujazungumza habari za maji, umeme na shule, watu wazuiwe kwanza kuja, na waliokuja bila kazi warudi mashambani kwao. Husemwa kwa upole makanisani, kwa takwimu za kubahatisha kwenye semina, na kwa matusi kwenye foleni ya mtumbwi. Imezoeleka kiasi kwamba anayeisema haombwi ushahidi.

Mimi nauomba, na nitaanza na hesabu, maana wenye hoja hii hupenda sana kutaja wingi wa watu. Sensa ya mwisho ya watu wote katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ilifanyika mwaka 1984, Mobutu akiwa bado Rais na nchi ikiitwa Zaire. Tangu hapo hakuna aliyepita nyumba kwa nyumba kuuliza nani kazaliwa wapi. Idadi za wakazi wa Lubunga zinazotajwa leo ni makadirio: nyingine zimetoka kwenye daftari za komini, nyingine kwa watu wa afya wakipanga chanjo, nyingine kwenye orodha za wapiga kura, na kila moja ina lake. Sasa mtu anayesimama na kusema kwamba Lubunga imefurika wahamiaji amejuaje? Ameona watoto wengi barabarani. Lakini watoto wale wamezaliwa wapi?

Nchi hii ni miongoni mwa zile zenye uzazi mkubwa kabisa duniani, wastani wa watoto kama sita kwa kila mwanamke. Mji unaoongezeka kwa vizazi peke yake kwa asilimia 3 kwa mwaka huwa mara mbili katika miaka 23 au 24. Piga hesabu kuanzia 1984: kila watu 100 wa wakati ule wamekwisha kuwa zaidi ya 300, bila hata mgeni mmoja kushuka kwenye mtumbwi. Sisemi kwamba wahamiaji hawapo. Wapo, na ni wengi. Ninachosema ni kwamba mama aliyezaa watoto saba katika zahanati ya Lubunga hakuhama kutoka popote, na watoto wake wanahitaji madawati saba. Ukimtimua kila mtu aliyetoka vijiji vya Opala kesho asubuhi, madawati yale bado hayapo.

Kwa msomaji asiyeijua Kisangani, mji huu una komini sita. Tano zimekaa ukingo wa kulia: Makiso, Tshopo, Mangobo, Kabondo na ile yenye jina la mji wenyewe. Huko ndiko ziliko ofisi za jimbo, benki, chuo kikuu, soko kuu na uwanja wa ndege. Ya sita, Lubunga, imebaki peke yake ukingo wa kushoto. Daraja hakuna. Wabelgiji hawakulijenga, Mobutu hakulijenga, na waliokuja baada yake wamelijenga mara nyingi kwenye hotuba za kampeni. Unavuka kwa mtumbwi wa injini, au kwa kivuko siku kikiwa kizima.

Kwa nini basi kuna mji upande ule? Kwa sababu ya maporomoko na reli. Meli zinazopanda kutoka Kinshasa, safari ya zaidi ya kilomita 1,700, hukwama Kisangani, maana juu yake kuna maporomoko ya Boyoma. Kampuni ya kikoloni iliyojulikana kwa herufi zake CFL ilijenga reli ya kilomita 125 kuyazunguka, kati ya mwaka 1903 na 1906, kutoka ukingo wa kushoto mpaka Ponthierville, leo Ubundu. Toka Ubundu mzigo uliingia tena mtoni hadi Kindu, kisha reli nyingine, mpaka ukafika Ziwa Tanganyika. Lubunga ilikuwa bawaba ya njia hiyo. Makuli, mafundi wa reli, walinzi wa maghala, wapishi, wauza chakula wa stesheni, wote walitoka mahali pengine, kwa sababu kabla ya reli hapakuwa na kazi ya reli. Anayelalamika kwamba wahamiaji wameiharibu Lubunga analalamika kwamba wazazi wameiharibu nyumba waliyoijenga.

Hapo mpinzani wangu husogeza kiti. Sawa, husema, wale wa zamani walikuwa wageni, lakini kabla yao kulikuwa na wenyeji. Kulikuwapo. Kulikuwa na Wagenya wavuvi wa maporomoko, Wakumu, Wambole na Walengola wa msitu wa kushoto, na Walokele waliopanda na kushuka mto na samaki wao tangu kabla mpelelezi Stanley hajaacha kituo chake hapa Desemba 1883. Ila neno "tangu kabla" halina mwisho. Watu wa mto walikuwa wakisogea na mto, watu wa msitu wakisogea na mashamba na ndoa. Mwaka 1887 Mfalme Leopold wa Ubelgiji akamteua Tippu Tip, mfanyabiashara wa Zanzibar, kuwa liwali wake hapa kwenye maporomoko. Waungwana waliofuatana naye walibaki, wakaoa, wakapanda mpunga, wakaswali, na lugha ninayoandikia sasa ikapiga kambi mjini, ikakutana na Kilingala kilichopanda mto na askari. Wapo waliokuja kwa hiari na wapo walioletwa kwa kamba shingoni, na hilo lisisahaulike. Lakini ukimwondoa kila aliyekuja, mji hauna wa kubaki isipokuwa popo.

Na yule ambaye jina lake kila Mboyoma, yaani mtu wa Kisangani, hulitaja akitaka kuonyesha kwamba mji huu ni mkubwa? Patrice Lumumba alizaliwa Onalua, mkoa wa Sankuru, mwaka 1925. Alifika Stanleyville, kama Kisangani ilivyoitwa wakati huo, akiwa kijana, akawa karani wa posta, akaongoza vyama vya wafanyakazi na vya wasomi, na hapa ndipo sauti yake ilipokomaa. Mkutano wa chama chake wa Oktoba 1959 uliishia kwa ghasia, watu wakauawa, naye akatiwa ndani. Alikuwa mhamiaji. Nashangaa mtu anapomweka Lumumba kwenye fulana na papo hapo akadai mgeni arudi kwao.

Mpinzani hachoki, na hoja yake inayofuata ndiyo bora kuliko zote, kwa hiyo nitaitendea haki. Wale, husema, walikuja kwa kazi. Walikuja kwa utaratibu. Wa leo wanakuja bure, mji hauna kiwanda, hauna reli, wanakuja kuongeza njaa juu ya njaa.

Utaratibu ule naujua kwa kuusoma, nao haukuwa wa kumtakia mtu heri. Amri ya Novemba 1931 iliunda maeneo maalumu ya Waafrika mijini, yaliyotengwa na mitaa ya Wazungu na kuwekwa nje ya himaya ya machifu. Mtu wa kijijini aliyetaka kukaa nje ya eneo lake zaidi ya siku 30 alipaswa kuwa na pasi ya uhamisho. Asipokuwa nayo, polisi. Na pamoja na pasi zote hizo, watafiti wa UNESCO walipoichunguza Stanleyville mnamo 1952 na 1953, akiwamo Valdo Pons aliyekaa akiandika habari za barabara moja ya mtaa wa Waafrika nyumba kwa nyumba, walikuta mji unakua kwa kasi, umejaa watu wa makabila mengi wenye ndugu wa kufikia kwao, na kazi ndogondogo ambazo hazikuwa kwenye daftari la mwajiri yeyote. Dola iliyokuwa na bunduki, pasi na viboko haikuwazuia watu kuja. Leo komini ambayo haina hata mafuta ya pikipiki ya ofisi itawazuia kwa kitu gani?

Kuhusu kazi, tuangalie kipi kilitangulia. Mashamba makubwa na maduka yalianza kuanguka baada ya Mobutu kuzigawa mali za wageni kwa wakubwa wake mwaka 1973 na 1974. Barabara zikamezwa na msitu. Reli ya Ubundu ikachakaa mpaka treni ikawa habari ya siku inapopita. Kisha vita: Machi 1997 majeshi ya waasi wa AFDL yanaingia, Agosti 1998 vita vingine, Juni 2000 Rwanda na Uganda wanapigana siku sita ndani ya mji ambao si wa yeyote kati yao, wakimwaga mabomu kwa maelfu juu ya nyumba za watu. Mwaka 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda ilipe dola milioni 325 kwa madhara iliyoifanyia Kongo, Kisangani ikiwamo. Nionyesheni katika orodha hiyo mahali ambapo mkulima wa Opala aliyebeba ndizi alifunga kiwanda.

Kinyume chake ndicho kilichotokea. Miaka ile ya vita mto ulipofungwa na mstari wa mbele, meli za Kinshasa hazikufika, mafuta ya gari yakawa kama dawa. Mji uliokatwa na nchi nzima ulikula nini? Ulikula kilicholetwa kwa miguu na kwa baiskeli. Toleka nazo zilienea wakati huo: vijana, wengi wao wageni, walichukua baiskeli iliyokuwa ya mizigo, wakaifunga kiti cha sponji nyuma, wakawa usafiri wa umma wa mji mzima. Hakuna wizara iliyopanga hilo.

Na kazi ile bado inaendelea. Msukuma baiskeli anayetoka barabara ya Opala hapandi baiskeli yake, huisukuma. Pedali kazing'oa kwa sababu zinamgonga mguu. Kijiti kirefu kimefungwa kwenye usukani kuongeza mkono, kingine kimesimikwa nyuma ya kiti cha kuegemea mzigo. Juu kuna magunia ya makaa au mchele, dumu za mawese, mkungu wa ndizi kando, sombe juu kabisa isinyauke. Kilima akikifikia hutafuta mwenzake, husukuma baiskeli moja wote wawili, kisha hurudi kuchukua ya pili. Usiku hulala kwa watu njiani, kwa malipo ya mchele kidogo. Akifika ukingoni Lubunga hushusha vyote, hulipia nafsi yake, baiskeli, na kila gunia. Tena kuna watu wawili watatu wenye vitabu vya risiti, na mmoja asiye na kitabu. Upande wa pili kina mama wa jumla wanamsubiri. Bei wanaitaja wao. Yeye anajua kwamba akirudi na mzigo atalipa tena, nao wanajua kwamba anajua.

Safari ya kurudi haendi mikono mitupu. Anabeba chumvi, sabuni, madaftari, betri, dawa za malaria, nguo za mitumba, na hiyo ndiyo biashara nzima ya vijiji ambavyo lori halijafika kwa miaka. Baada ya misimu kadhaa anachoka kulala kwa watu. Anatafuta kiwanja Lubunga, anajenga vyumba viwili vya udongo, anamleta mdogo wake wa kike asome. Sasa ameshakuwa yule "mvamizi" anayelalamikiwa. Mwanamke wa Makiso anayemlalamikia amepikia makaa yake asubuhi hiyo hiyo.

Wataalamu wa uchumi waliwahi kuwa upande wa mlalamikaji, tena walianzia jirani tu, Afrika Mashariki. Mwaka 1970 John Harris na Michael Todaro, wakiwa na uzoefu wa Kenya, waliandika kwamba mtu wa kijijini huhama kwa matumaini ya mshahara wa mjini hata kama kazi hazipo. Kwa hiyo ukiongeza ajira mjini, unavuta watu wengi zaidi kuliko ajira zenyewe, na wasio na kazi wanaongezeka. Viongozi waliipenda sana nadharia hiyo, kwa sababu iliwapa ruhusa ya kutofanya kitu. Miaka miwili baadaye ujumbe wa Shirika la Kazi Duniani ulikuja Kenya hiyo hiyo, ukawaangalia wale waliohesabiwa kuwa hawana kazi, ukawakuta wanashona, wanachomelea, wanapika, wanauza, wanatengeneza. Ndipo dunia ilipoanza kuzungumza kwa uzito habari za sekta isiyo rasmi. Shida ya nadharia ya kwanza ilikuwa ndogo na kubwa kwa pamoja: ilimhesabu mtu kuwa kazini pale tu alipokuwa na bosi. Lubunga kwa hesabu hiyo haina mfanyakazi hata mmoja, ukiacha walimu na watu wa reli wanaosubiri mishahara.

Tanzania ilikwenda mbali kuliko nadharia. Mwaka 1983 ilipitisha sheria ya Nguvu Kazi, na jijini Dar es Salaam watu wasioweza kuonyesha kitambulisho cha kazi walikusanywa na kupelekwa vijijini na mashambani kulima. Walirudi, wengine kabla ya karatasi zao kukauka wino. Mwongo haujaisha, serikali yenyewe ikaanza kuwapa wafanyabiashara ndogondogo nafasi ya kupumua. Kariakoo, soko ambalo leo Wakongo wa Kisangani na Lubumbashi hufunga safari kwenda kununua bidhaa, lilijengwa na watu wa aina ile ile waliokuwa wakikusanywa kwenye malori.

Lubunga yenyewe ina kumbukumbu mbaya zaidi ya watu waliokuja wakanyimwa pa kukaa, na siwezi kuandika habari za wahamiaji wa ukingo wa kushoto nikairuka. Mwanzoni mwa 1997 makumi ya maelfu ya wakimbizi wa Kihutu kutoka Rwanda, waliotembea tangu Kivu kupitia msituni, walijikusanya kando ya ile reli ya Ubundu: Lula, kilomita chache tu kutoka kituoni, kisha Kasese na Biaro mbele zaidi. Aprili mwaka huo kambi za Kasese na Biaro zilishambuliwa na watu wakauawa kwa wingi. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya 2010 imeyaandika hayo. Wengine walipotelea msituni, wengine wakapandishwa ndege Kisangani kurudishwa Rwanda. Wazee wa Lubunga walioona msafara ule wanaogopa kila kundi jipya linaloingia na mikeka kichwani. Naielewa hofu yao. Lakini walioona yale waliona watu ambao hakuna aliyekubali kuwahesabu kuwa wakazi wa mahali popote, na kilichofuata.

Nije kwa 2023, maana najua ndiko mpinzani anakonivuta. Februari mwaka ule Wambole na Walengola walianza kuuana Lubunga na katika vijiji vya nyuma yake. Nyumba zilichomwa, mamia ya watu walikufa kadiri miezi ilivyokwenda, maelfu walivuka mto kukimbilia ukingo wa kulia na kuishi kwenye maturubai na katika majengo ya umma. Haya ndiyo matunda ya wageni, nikaambiwa: watu waliletana, hawakuelewana, wakachinjana.

Hapana. Chanzo cha karibu kilikuwa ardhi, hekta zipatazo 4,000, zilizopewa kampuni ya kilimo na ufugaji. Upande mmoja ulitia saini, upande mwingine ukasema waliotia saini waliuza kisicho chao. Kampuni haikuja na mkeka kichwani. Haikuvuka na mtumbwi wa saa kumi na mbili asubuhi. Ilikuja na ramani, na iliyapata makaratasi ambayo mkazi wa kawaida wa Lubunga hufa bila kuyaona.

Tazama jinsi huyo mkazi wa kawaida anavyopata kiwanja. Huenda kwa mwenye ardhi wa jadi, hutoa mbuzi na fedha kiasi, huonyeshwa mti huu na mti ule, huandikiwa karatasi ya daftari yenye sahihi za mashahidi watatu. Miaka minne baadaye huja mtu mwingine na karatasi yake, ya mwenye ardhi mwingine, mti ule ule. Ofisi ya ardhi ikiulizwa, itasema ardhi yote ni ya Serikali. Nayo haidanganyi: sheria ya Julai 1973 ilisema hivyo. Sheria hiyo hiyo, kifungu cha 389, iliahidi kwamba haki za watu katika ardhi ya jadi zitapangwa kwa amri ya Rais. Miongo ilipita, Marais wakapita, amri haikutoka. Kwa hiyo kwa nusu karne ardhi ya Lubunga imekuwa na wenyewe wawili kisheria na watatu kimila, na kila mmoja anauza. Katika mazingira hayo hata ndugu wa tumbo moja watatoleana panga, haihitaji mhamiaji.

Halafu angalia hoja ya "mwenyeji" ilifanya kazi gani mwaka ule. Ilimwambia Mmbole kwamba Mlengola ni mgeni na ikamwambia Mlengola vivyo hivyo. Pande zote mbili zilikuwa na wazee wa kuthibitisha nani alifika kwanza. Wale wasomi wa ukingo wa kulia wanaosema kwa upole kwamba Lubunga irudishiwe wenyewe, wanajua wanampa nani panga?

Kuna mambo nayakubali. Msitu umesogea mbali na makaa yanatoka mbali zaidi kila mwaka. Mitaa mipya imejengwa kwenye mabonde ambayo mvua kubwa huyaosha. Kipindupindu kilipolipiga jimbo la Tshopo mwaka 2025, watu wa Lubunga walikuwa miongoni mwa walioumia, na msongamano ulisaidia. Lakini kipindupindu hupitia kwenye maji, na watu wanaoteka mtoni na kwenye visima vya kina kifupi wataugua wakiwa elfu kumi au laki moja. Mji wa Kisangani una kituo cha umeme kwenye mto Tshopo tangu zama za Wabelgiji, na familia zinakata miti kupikia. Mkata miti ni wa mwisho katika mlolongo huo, na ndiye wa kwanza kukamatwa.

Nasikia pia ile ya kwamba vijiji vinabaki vitupu. Hainishawishi. Kijiji cha barabara ya Opala chenye mtu wake Lubunga kina mahali pa kumfikisha mgonjwa, pa kulaza mzigo, pa kumlaza mwanafunzi wa sekondari, na mtu wa kuuliza bei ya mpunga kabla ya kuuvuna. Kisicho na mtu wake mjini ndicho kinachonyonywa na mlanguzi wa kwanza atakayepita. Nimeona vijiji vya namna zote mbili, na najua ningependa kuzaliwa katika kipi.

Watu waliokimbia mwaka 2023 sasa wanaambiwa warudi. Wengine watarudi, na wasaidiwe kurudi. Wengine hawatarudi, kwa sababu nyumba iliyochomwa ilikuwa kwenye kiwanja kinachogombaniwa mpaka leo, na watoto wao wameshaanza shule upande wa kulia. Kuwaambia hao kwamba suluhisho ni kijijini ni kuwaambia wakasubiri panga la pili. Wapewe viwanja vilivyopimwa, vyenye namba, palepale walipo au Lubunga, na jina la mwenye kiwanja liandikwe kabla ya jina la kampuni yoyote.

Nitaulizwa fedha zitoke wapi, nami nitarudi kwa yule msukuma baiskeli na vitabu vya risiti pale ukingoni. Kila gunia linalovuka linalipiwa, kila beseni la samaki, kila mbuzi, kila abiria, siku zote za mwaka, Jumapili ikiwamo. Hao wanaoitwa mzigo wa mji wanalipa ushuru kila wanapovuka, mara nyingi kuliko mwenye ghorofa wa Makiso anavyolipa kodi ya nyumba yake. Ukumbi wa mji ubandike ukutani pale bandarini, kila mwisho wa mwezi, jumla ya kilichokusanywa kwa kuvuka na kiasi kilichotumika ukingo wa kushoto. Hesabu mbili tu. Zikishabandikwa nitakuwa tayari kuzungumza na yeyote kuhusu nani anamlisha nani Kisangani.